Kukodi Sanduku la Posta: Mwongozo kwa Mtu Binafsi na Mwenye Biashara

Sanduku la posta, ambalo kwa kifupi huandikwa S.L.P. katika barua za Kiswahili na P.O. Box katika zile za Kiingereza, ni kisanduku cha chuma chenye namba, kilichojengwa ukutani katika ofisi ya posta, ambacho upande wa mbele kina mlango mdogo unaofungwa kwa ufunguo na upande wa nyuma kiko wazi kuelekea chumba cha kuchambulia barua. Karani husimama nyuma ya ukuta huo na kuingiza barua kisandukuni kwa kufuata namba iliyoandikwa kwenye bahasha, naye mwenye ufunguo huja upande wa pili kwa wakati wake na kuzichukua bila kulazimika kuonana na karani. Umbo hilo la ukuta wenye pande mbili linaeleza karibu kila jambo ambalo mtu anayetaka kukodi sanduku anapaswa kulifahamu: posta inaitambua namba kabla ya kulitambua jina, na jengo lote, pamoja na kisanduku chenyewe, hubaki kuwa mali ya posta, huku mteja akiwa mpangaji tu wa namba kwa muda alioulipia.

Katika nchi ambako mpeleka barua hufika hadi mlangoni, kama Uingereza, sanduku la posta ni nyongeza wanayoichukua wachache wenye sababu maalumu. Afrika Mashariki hali ni tofauti, kwa kuwa hapa sanduku ndiyo anwani yenyewe. Huduma za posta za kikoloni, iwe ile iliyoendeshwa Zanzibar chini ya posta ya India katika karne ya 19 au ile ya Wajerumani iliyofunguliwa Dar es Salaam na Bagamoyo mwaka 1890, zilijengwa ili kufikisha mfuko wa barua kwenye kituo, na si kwenye nyumba ambazo nyingi hazikuwa na namba wala mitaa yenye majina rasmi. Mpango huo ulirithiwa na shirika la pamoja la Afrika Mashariki, na Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika mwaka 1977 kila nchi iliuchukua ulivyo, hadi yalipoundwa Shirika la Posta Tanzania, lililoanza kazi mwaka 1994, na Shirika la Posta la Kenya, lililoanza mwaka 1999. Ndiyo maana fomu ya benki, ya shule, ya mahakama au ya usajili wa kampuni bado huacha mstari wa kujazia S.L.P., na anayeuacha mstari huo wazi hutazamwa kana kwamba hana pa kupatikana, hata kama nyumba yake inaonekana kutoka dirishani mwa ofisi hiyo. Oman nayo, ambako Waswahili wengi wana jamaa, hufuata mtindo unaokaribiana na huu, kwani anwani ya huko huwa na namba ya sanduku ikifuatiwa na namba ya eneo, kama ile ya 112 inayotambulisha Ruwi. Anayeandikiana na Kigali, Bujumbura au Lubumbashi hukutana na herufi B.P., na maana yake ni hiyohiyo ya S.L.P., ila imekuja kwa njia ya Kifaransa.

Kabla ya kuulizia bei, mwombaji anapaswa kwanza kujiuliza kama anahitaji sanduku lake mwenyewe au anaweza kuendelea kuazima la wengine. Kuazima ni desturi iliyoenea: mwanafunzi hutumia sanduku la shule, muumini la parokia au la msikiti, mfanyakazi la mwajiri, na kijiji kizima huweza kujitambulisha kwa sanduku moja la shule ya msingi. Desturi hiyo ina wema wake, lakini ina gharama ambayo haionekani siku ya kwanza. Barua hupita mikononi mwa watu wasiohusika, hukaa mezani kwa mwalimu mkuu au katibu mpaka mwenyewe apite, na mtu anapoacha kazi au kuhama parokia huiacha nyuma anwani ambayo tayari imekwisha kuandikwa katika hati zake za benki, za ardhi na za bima. Jambo hilo huwa zito zaidi pale sheria inapohusika, kwa sababu katika nchi zilizorithi taratibu za sheria za Kiingereza, Tanzania na Kenya zikiwamo, taarifa ambayo sheria inaruhusu ipelekwe kwa posta huhesabiwa kuwa imemfikia mhusika iwapo iliandikwa anwani sahihi, ikalipiwa na kutumwa, isipokuwa pale inapothibitishwa vinginevyo. Mtu ambaye barua yake ya madai imelala wiki sita katika droo ya mwajiri wake wa zamani hujikuta akibeba mzigo wa kuthibitisha kwamba haikumfikia. Kwa mwenye kiwanja, mkopo au kesi, kuazima sanduku si njia ya kubana matumizi hata kidogo.

Mwenye biashara ana sababu nyingine inayostahili kuzingatiwa, nayo ni faragha. Fundi cherehani anayeshonea sebuleni, mshauri wa kodi anayefanyia kazi chumbani au mama anayeuza viungo kutoka jikoni kwake huhitaji anwani ya kuchapisha kwenye risiti na lebo, na si lazima anwani hiyo imwoneshe kila mteja mlango wa nyumba yake. Zaidi ya hayo, biashara huhama. Pango la duka hupanda, jengo huuzwa, mtaa hubomolewa kupisha barabara, lakini sanduku lililolipiwa hubaki na namba ileile, na msambazaji wa mwaka wa kwanza huweza kuitumia katika mwaka wa kumi.

Akisha kuamua, mwombaji huchagua ofisi, na hapa ndipo makosa mengi ya kudumu hufanyika. Watu hukimbilia ofisi kuu ya mji kwa kudhani kwamba anwani ya huko ina hadhi zaidi, hali kifaacho ni ofisi anayopita karibu nayo mara nyingi katika wiki, iwe njiani kwenda kazini, sokoni au shuleni kwa watoto. Anayeishi Mbagala na kukodi sanduku katikati ya jiji la Dar es Salaam atalitembelea kwa shauku mwezi wa kwanza, kisha atangoja mpaka awe na safari nyingine ya Posta, jina ambalo madereva na makondakta wa daladala wamelipa eneo zima la katikati ya jiji. Ni vyema pia kuangalia kama ukumbi wa masanduku uko nje, ambako mtu huweza kufika hata kaunta zikiwa zimefungwa, au uko ndani ya jengo linalofuata saa za kazi. Kwa watumishi wanaohamishwa kila baada ya miaka michache, kama walimu, wauguzi na askari, ushauri hugeuka: sanduku la kituo cha kazi litawafaa kwa barua za muda, ilhali hati za kudumu huwa salama zaidi zikielekezwa kwenye sanduku la nyumbani linaloangaliwa na ndugu anayeaminika.

Namba ya sanduku haina maana bila ofisi yake. Sanduku lenye namba fulani Moshi na lenye namba hiyohiyo Tanga ni masanduku ya watu wawili wasiojuana, na jina la mji ndilo linalowatenganisha. Nchini Kenya utenganisho huo umepelekwa mbele zaidi kwa kutumia postikodi, yaani tarakimu tano zinazoitambulisha ofisi ya posta na kuandikwa baada ya namba ya sanduku zikitanguliwa na kistari. Ndani ya Nairobi pekee, 00100 ni ofisi kuu na 00200 ni City Square, nako Mombasa ni 80100, Kisumu 40100 na Nakuru 20100. Anayeandika namba ya sanduku na neno Nairobi tu, akaiacha postikodi, humwachia karani kazi ya kubahatisha, na barua huweza kuingia katika sanduku la mtu mwingine lenye namba hiyohiyo katika ofisi nyingine ya jiji hilohilo. Kwa hiyo Chuo Kikuu cha Nairobi hakiandiki 30197 pekee, bali 30197-00100. Dar es Salaam kuna dalili ya utaratibu mwingine, wa namba zinazofuatana kwa mafungu kulingana na eneo, na ndiyo maana masanduku ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam na idara zake pale Mlimani yamezoeleka kuanza na 35, wakati yale ya Muhimbili huanza na 65. Mzoefu huitazama namba tu akajua barua inaelekea upande gani wa jiji. Mpangaji mpya hana haja ya kuyakariri mafungu hayo, lakini anapaswa kuinakili anwani yake kama ilivyoandikwa kwenye hati ya posta, tarakimu kwa tarakimu, na kuwapa wanaomwandikia kwa namna hiyohiyo moja bila kuifupisha.

Maombi yenyewe ni mepesi. Mwombaji hujaza fomu kaunta, huambatisha nakala ya kitambulisho, ambacho kwa Tanzania kwa kawaida ni kitambulisho cha taifa au pasipoti, na huandika namba ya simu, mahali anapoishi na saini yake, itakayolinganishwa na saini za baadaye anapochukua vitu vinavyotolewa kwa saini. Kampuni au taasisi huombwa zaidi: cheti cha usajili, leseni ya biashara, namba ya utambulisho wa mlipakodi na barua yenye muhuri inayowataja watu walioidhinishwa kuchukua barua. Ada hulipwa kwa mwaka, ile ya mtu binafsi ikiwa ndogo kuliko ya kampuni, na mara nyingi huambatana na malipo ya mara moja ya ufunguo. Kwa kuwa mwaka wa ada aghalabu hufuata kalenda, kuanzia Januari hadi Desemba, anayekodi mwezi Septemba aulize mapema kama atalipia miezi iliyobaki au mwaka mzima, kwa maana tofauti hiyo yaweza kumfanya asubiri au asisubiri. Ofisi yenye masanduku machache huwa na orodha ya wanaongoja, na kuandikishwa katika orodha hiyo ni bora kuliko kurudi kila mwezi kuuliza. Taasisi inayopokea barua nyingi kupita uwezo wa kisanduku huweza kuulizia mfuko binafsi, yaani mfuko wa barua unaofungwa kwa kufuli, ambao posta huujaza na mjumbe wa taasisi huuchukua mzimamzima.

Katika kujaza fomu, mstari unaohitaji fikra kuliko yote ni ule wa jina. Sanduku huandikishwa kwa jina moja, na mwenye jina hilo ndiye posta inayemjua wakati wa mgogoro. Washirika wawili wanapoanzisha biashara, ni kawaida yule mwenye nafasi kwenda posta na kuandikisha sanduku kwa jina lake mwenyewe kwa sababu ada ya mtu binafsi ni nafuu, na akiba hiyo ndogo hugeuka kitanzi pale wanapoachana, kwani hundi, ankara na barua za kodi huendelea kumfikia mmoja tu huku mwingine akiwa hana hoja ya kumweleza karani. Biashara iliyosajiliwa, hata ikiwa ya mtu mmoja, inafaa iwe na sanduku kwa jina lililo kwenye cheti chake, na waandikishwe watu wasiopungua wawili wenye ruhusa ya kuchukua barua, ili ugonjwa au safari ya mmoja isifunge mlango. Chama cha kuweka na kukopa, kikundi cha wanawake au jumuiya ya wazazi inapaswa kuandikisha sanduku kwa jina la chama na kubadilisha majina ya walioidhinishwa kila uongozi unapobadilika, jambo ambalo husahauliwa karibu kila mahali, hata viongozi waliomaliza muda wao wakabaki na funguo mifukoni.

Ufunguo nao si wa kuchezewa. Kuuchongesha kwa fundi wa sokoni ili kila mtu nyumbani awe na wake ni kuondoa faida ya kulipia sanduku, na ukipotea, posta hubadilisha kitasa kwa gharama ya mpangaji. Heri kulipia kitasa siku hiyohiyo kuliko kungoja kuona kama ufunguo utaonekana, maana mara nyingi ufunguo wa sanduku hubeba kibao au karatasi yenye namba, na aliyeuokota anajua mahali pa kwenda.

Baada ya hapo kazi ya mpangaji ni kulitembelea sanduku. Kisanduku ni kidogo, na barua zikijaa karani huzirudisha nyuma ya kaunta, ambako hukaa kwa muda na kisha huweza kurejeshwa kwa mtumaji. Kitu kisichoingia kisandukuni, kama kifurushi, au kinachotolewa kwa saini, kama barua ya rejista, huachiwa karatasi ya taarifa, nayo mpangaji huipeleka dirishani pamoja na kitambulisho chake. Barua ya rejista ni ile inayoandikwa kwenye daftari kila inapopita mkono mmoja kwenda mwingine, hivyo njia yake huweza kufuatiliwa, na ndiyo inayotumiwa kwa hati, vyeti na taarifa za kisheria. Vifurushi kutoka nje ya nchi hukaguliwa na maofisa wa forodha, na mzigo usiochukuliwa ndani ya siku zilizotajwa huweza kuanza kutozwa ada ya kuhifadhiwa. Karatasi hiyo ndogo, ambayo wengi huichanganya na matangazo na kuitupa, kwa hiyo huweza kuwa ndicho kitu cha thamani kuliko vyote vilivyomo kisandukuni.

Wanaoandika kutoka nje ya nchi wapewe anwani yenye neno P.O. Box badala ya S.L.P., kwa sababu wachambuzi wa barua wa Frankfurt au Chicago hawazijui herufi za Kiswahili, na jina la nchi liandikwe katika mstari wa mwisho kwa herufi kubwa. Maduka ya mtandaoni huleta usumbufu wa aina yake. Baadhi hukataa namba ya sanduku na kutaka jina la mtaa, na kampuni za vipeto kama DHL hupendelea mlango na namba ya simu kwa kuwa mjumbe wao hawezi kuukabidhi mzigo kwa kisanduku cha chuma. Hapo anwani ya makazi ndiyo inayofaa. Tanzania iliendesha operesheni ya anwani za makazi mwaka 2022, kabla ya sensa ya Agosti ya mwaka huo, ikazipa nyumba namba na barabara majina, nayo postikodi ya nchi hiyo, tofauti na ile ya Kenya inayoitambulisha ofisi ya posta, huitambulisha kata. Mtu mwenye sanduku Tanzania kwa hiyo ana anwani mbili zenye kazi tofauti: ya makazi, inayoonesha anapoishi, na ya posta, inayoonesha barua zake zinapongojea. Kuziunganisha katika mstari mmoja, kwa kuandika namba ya nyumba, kisha S.L.P., kisha postikodi ya kata, hakuongezi uhakika wa barua kufika, bali humpa karani njia mbili zinazoweza kupingana.

Pamoja na masanduku ya chuma, posta za eneo hili zimeanzisha sanduku lisiloshikika, yaani namba ya simu ya mteja inayotumika kama anwani ya posta, ambapo barua inapofika mteja hupata ujumbe mfupi kwenye simu yake. Kenya huduma hiyo inajulikana kama MPost, na Tanzania huitwa Posta Kiganjani. Kwa kijana anayepokea barua tatu kwa mwaka, ujumbe huo unamwokolea safari za bure kwenda kuchungulia kisanduku kitupu, na hiyo ni faida ya kweli. Hata hivyo namba ya simu hupotea kwa urahisi kuliko ufunguo, laini isiyotumika hufungwa na huweza kugawiwa mtu mwingine, kwa hiyo anayetaka anwani ya kuandikwa kwenye hati ya kiwanja atafakari vizuri kabla ya kuliacha sanduku la ukutani.

Ada ya mwaka mpya isipolipwa, posta haina desturi ya kumfuata mpangaji nyumbani. Sanduku hufungwa, barua huzuiwa nyuma ya ukuta au hurejeshwa zilikotoka, adhabu ya kuchelewa huongezwa juu ya deni, na hatimaye namba huweza kukodishwa kwa mwingine. Mwenye nia ya kuacha hana sababu ya kujiachia mpaka afike huko, kwani kurudisha ufunguo na kuandika barua ya kusitisha upangaji humwondolea deni linalozidi kukua. Kabla ya siku hiyo, awe amekwisha kuitaarifu benki, mamlaka ya mapato, msajili wa makampuni, ofisi ya ardhi, bima na shule, kwa kuanza na zile zinazotuma barua zenye tarehe ya mwisho ya kujibiwa, na akodi sanduku jipya miezi miwili au mitatu kabla ya kuliacha la zamani ili yote mawili yafanye kazi kwa pamoja wakati taarifa zinasambaa.

Kwa upande wake, anayekabidhiwa namba iliyowahi kuwa ya mtu mwingine atarajie kuzikuta barua za mtangulizi wake kwa miezi mingi, kwa sababu karani, kama ilivyoelezwa, hufuata namba. Barua hizo si zake hata kama zimeingia kwenye sanduku analolilipia. Mpangaji mpya hazifungui wala hazitupi, bali huandika juu ya bahasha kwamba mhusika hatumii tena sanduku hilo, kisha huzikabidhi dirishani siku hiyohiyo, na kwa barua zinazoendelea kuja kutoka kwa mtumaji mmoja, kama benki, humwomba karani azizuie nyuma ya ukuta kabla hazijaingizwa.